Heshima Isiyo na Sauti: Filamu za Mapokezi ya Admirali Dewey, 1899

Filamu za kwanza za habari hazikuwa na sauti, wala hazikuitwa filamu za habari. Mkusanyo wa habari za sinema unaotolewa kwa kipindi maalum, ule ambao Wafaransa waliuita actualités na ambao vizazi vingi vya watazamaji waliuona kabla ya filamu kubwa kuanza, ulitungwa na kampuni ya Pathé huko Ufaransa mnamo miaka 1908 na 1909, ukafika Marekani mwaka 1911. Kabla ya hapo palikuwa na vipande vifupi tu, kila kimoja na jina lake, kila kimoja kikiuzwa kwa futi kama kitambaa dukani. Mwenye ukumbi alinunua vipande alivyovitaka, akavipanga kama alivyoona vyema, akavionyesha baina ya mchekeshaji na mwimbaji.

Miongoni mwa vipande hivyo limo fungu moja la mwaka 1899 linalomhusu George Dewey, admirali wa Marekani, na mapokezi aliyofanyiwa New York na Washington. Makampuni zaidi ya moja yalituma wapiga picha, nao walimwandama shujaa huyo kutoka sitaha ya manowari yake hadi ngazi za jengo la Bunge. Vipande kadhaa vimesalia. Kwa mtu anayeshughulika na lugha vina faida ya pekee, kwani vinaonyesha jinsi sherehe ya heshima inavyoyategemea maneno, na maneno ndiyo hasa yaliyokosekana.

Kiswahili kina kitenzi kutuza: kumpa zawadi mchezaji au mwimbaji hadharani, papo hapo uwanjani. Tuzo ni neno lililozaliwa na kitendo hicho. Anayetuza huinuka mbele ya watu, naye anayetuzwa hujulikana kwa wimbo wake uliokwisha kusikika. Aliyefika amechelewa, asiusikie wimbo, ataona mkono na fedha tu, asijue sifa imetoka wapi. Hivyo ndivyo alivyo mtazamaji wa leo mbele ya filamu za Dewey.

Ushindi uliofika kwa waya

Dewey alizaliwa Montpelier, katika jimbo la Vermont, tarehe 26 Desemba 1837. Alihitimu katika chuo cha wanamaji cha Annapolis mwaka 1858, akapigana chini ya Farragut huko New Orleans mwaka 1862 wakati wa vita vya wenyewe kwa wenyewe, kisha ikafuata miaka zaidi ya thelathini ya utumishi wa kawaida ambao hakuna mtu angejisumbua kuupiga picha. Marekani na Hispania zilipoingia vitani mwezi Aprili 1898, alikuwa komodoro mwenye umri wa miaka 60, mkuu wa kikosi cha manowari za Marekani katika bahari za Asia.

Alfajiri ya tarehe 1 Mei 1898 kikosi chake, kikiongozwa na manowari Olympia, kilikikuta kikosi cha Kihispania cha Admirali Patricio Montojo katika ghuba ya Manila, nchini Ufilipino. Kufikia mchana meli za Wahispania zilikuwa zimezama au zinaungua. Kwa upande wa Wamarekani alikufa mtu mmoja tu, naye kwa maradhi ya ghafla, si kwa risasi. Kwa upande wa Wahispania waliouawa na kujeruhiwa walikuwa mamia.

Habari za vita hivyo zilitangulia kwa maneno, tena maneno machache. Wahispania walipomkatalia Dewey matumizi ya waya wa simu uliopita chini ya bahari kutoka Manila, yeye aliukata. Hivyo ilimlazimu kuipeleka taarifa yake kwa meli hadi Hong Kong, nayo ikafika Washington tarehe 7 Mei. Kwa muda wa juma hilo umma wa Marekani uliujua ushindi wake kwa habari zilizopitia Madrid, yaani kwa kinywa cha aliyeshindwa. Mtu ambaye majuma machache kabla hakujulikana nje ya jeshi la wanamaji akaanza kupewa watoto wachanga majina yake, na sura yake ikachapwa kwenye sahani, beji, vijiko na masanduku ya tumbako.

Hapakuwa na kamera ya sinema Manila siku ile. Watazamaji, hata hivyo, walitaka kuona, na waliotaka kuona hawakukosa wa kuwauzia. Mwaka uleule wa 1898 Georges Méliès, yule mfanya mazingaombwe wa Paris aliyegeuka mtengeneza filamu, alitoa kipande cha vita vya majini mbele ya Manila alichokitengeneza Ufaransa bila kuiona Manila. Huko Marekani Edward Amet, katika mji wa Waukegan, jimbo la Illinois, alijenga vijimeli vya mfano, akavielea majini, akavilipua mbele ya kamera ili kuonyesha mapigano ya majini ya vita hivyohivyo upande wa Kuba. Si haki kuyaita hayo yote udanganyifu mtupu. Mpaka kati ya kuonyesha na kuigiza ulikuwa haujachorwa bado, na wengi waliolipa senti zao walijua wanachokitazama ni mfano. Lakini neno moja halina budi kukumbukwa kabla ya kuingia New York: katika habari nzima ya Dewey kama sinema ilivyoihifadhi, vita ndivyo vilivyotengenezwa mezani, na shangwe ndizo zilizopigwa zikitokea kweli.

Siku za New York

Dewey alikaa Manila zaidi ya mwaka. Mwezi Machi 1899 alipandishwa cheo kuwa admirali, cheo ambacho Bunge lilikifungua upya kwa ajili yake. Mwezi Mei akaondoka, naye Olympia akapita Suez na bandari za Mediterania polepole, kana kwamba mwenyewe hakuwa na haraka ya kushangiliwa. Kipande kimoja cha kampuni ya Edison kinamwonyesha akishuka Gibraltar. Tarehe 26 Septemba 1899 meli ikatokea nje ya New York siku mbili kabla ya wakati uliotangazwa, nao wenyeji wakawa bado wanapigilia misumari majukwaa.

Sherehe zilichukua siku mbili kuu. Tarehe 29 Septemba palikuwa na maandamano ya meli katika mto Hudson. Tarehe 30 palikuwa na gwaride la nchi kavu, kutoka karibu na kaburi la Jenerali Grant kaskazini mwa mji hadi Washington Square upande wa kusini. Theodore Roosevelt, wakati huo gavana wa jimbo la New York, alipita juu ya farasi. Bendi ya John Philip Sousa ilipita kwa miguu. Admirali mwenyewe alipanda gari la farasi lililo wazi pamoja na meya, Robert Van Wyck. Katika barabara ya tano, pembeni mwa Madison Square, palisimamishwa tao la ushindi lililoigwa kwa tao la Tito la Roma, likawekwa juu yake farasi wanne wakivuta sanamu ya Ushindi wa Baharini. Kwa mbali lilionekana marumaru. Kwa kweli lilikuwa plasta iliyochanganywa na nyuzi juu ya fremu ya mbao.

Majina ya vipande vya Edison yanatosha kuonyesha jinsi wapiga picha walivyoigawa shughuli hiyo: Admirali akiwapokea wageni wake wa Washington na New York, Admirali akiipokea kamati ya meya, Admirali akiagana na kamati ya Washington melini, Admirali akiongoza gwaride la nchi kavu, utoaji wa kombe mbele ya jumba la meya. Msomaji ataona kwamba karibu yote ni habari za watu kukutana na kuagana. Sababu ya jambo hilo ni ya ufundi kabla ya kuwa ya siasa. Kamera ilikaa juu ya miguu mitatu na haikuhama. Mkanda ulikuwa mfupi: futi 50 zina picha 800, ambazo mashine ikizungushwa polepole zinapita kwa muda usiofika dakika moja. Mpiga picha alilazimika kukisia mapema ni wapi jambo litatokea, aende akasimame hapo tangu asubuhi, na kulingoja lije kwake. Jambo linalokuja lenyewe mbele ya kamera iliyotulia, likaanza na kwisha kwa dakika moja, ni mtu kupanda ngazi, gari kupita, mikono kushikana. Sherehe ina vitu hivyo kwa wingi. Vita havina.

Ndiyo maana mapema sana sinema ilifanya urafiki na itifaki. Ratiba ya sherehe ilimpa mpiga picha kile ambacho uwanja wa vita ulimnyima: saa, mahali na mwelekeo wa jua. Wenye sherehe nao hawakukawia kuona faida yake. Tangu hapo majukwaa ya heshima ya duniani kote yamejengwa kwa kuangalia kamera itasimama wapi, na hilo halikuanza na televisheni.

Kipande cha kombe ndicho kinachomfundisha zaidi mtazamaji makini. Watu wako mbele ya jumba; meya anatoa kombe la dhahabu la mji; Admirali anapokea. Katika sherehe yenyewe tendo la kutoa lilikuwa dogo, na hotuba ndiyo iliyokuwa kubwa: ndiyo iliyosema kombe hili ni la mji gani, kwa mtu gani, kwa jambo gani. Katika filamu uwiano umepinduka. Hotuba imekuwa midomo inayochezacheza na watu wanaosubiri iishe, na kombe limekuwa kila kitu. Mtu asiyejua lolote angeweza kuapa kwamba anamwona mfanyabiashara akipewa zawadi ya mashindano ya farasi.

Mtazamaji wa mwaka 1899 hakupata shida hiyo. Alikuja ukumbini amekwisha kusoma gazeti; hotuba zilichapwa neno kwa neno asubuhi iliyofuata. Katika ukumbi kulikuwa na piano au bendi, na mara nyingi msemaji aliyesimama kando ya pazia jeupe akieleza kinachopita. Mwenye maonyesho kama Lyman Howe wa Pennsylvania aliweka watu nyuma ya pazia watoe milio inayolingana na picha. Zaidi ya hayo, watazamaji wenyewe walipiga makofi na vifijo walipomwona Admirali, hata shangwe iliyokosekana katika mkanda ikarudishwa na viti vya ukumbi. Filamu haikuwa bubu siku zile. Imekuwa bubu baadaye, waliokuwa wakiisemea walipokufa.

Upanga

Kutoka New York Dewey alikwenda Washington. Tarehe 3 Oktoba 1899, upande wa mashariki wa jengo la Bunge, mbele ya Rais William McKinley, waziri wa jeshi la wanamaji John D. Long alimkabidhi upanga ambao Bunge lilikuwa limeuidhinishia dola 10,000 tangu mwaka uliotangulia. Ulitengenezwa na nyumba ya masonara ya Tiffany. Mpini ulifunikwa ngozi ya papa, na sehemu zake za madini zilikuwa dhahabu, isipokuwa bamba lenyewe la chuma na mwili wa ala. Azimio lilelile la Bunge liliwapatia maofisa na mabaharia wa vita vya Manila nishani za shaba, kila mmoja yake, zilizochongwa na Daniel Chester French, na pengine hilo ni jambo bora kuliko upanga, ingawa hakuna aliyelitengea mkanda.

Kampuni ya Biograph, mshindani mkubwa wa Edison, ndiyo iliyoipiga picha shughuli ya upanga. Mikanda yake ya wakati ule ilikuwa na upana karibu mara mbili ya ile ya Edison, kwa hiyo picha zake zilikuwa kubwa na safi, lakini kamera yake iliendeshwa kwa umeme na ilikuwa mzigo wa watu kadhaa. Hata hivyo, usafi huo haukuweza kuonyesha dhahabu. Kwa rangi nyeupe na nyeusi upanga wa dola 10,000 unafanana na upanga wowote wa ofisa. Thamani yake imo katika gazeti na katika kumbukumbu za Bunge, yaani katika maandishi. Picha inaonyesha urefu wake tu.

Inafaa hapa kuikumbuka njia ambayo Waswahili waliizoea ya kumhifadhi shujaa. Utenzi humweka shujaa katika maneno bila sura: msikilizaji anajua alichosema Liongo kwa mama yake, wala hajui pua yake ilikuwaje. Filamu ya mwaka 1899 ni kinyume chake kabisa. Masharubu meupe ya Dewey yanajulikana hadi leo. Neno hata moja alilolisema siku zile halimo. Haifai kuamua upesi ni njia ipi iliyo bora. Jambo la hakika ni kwamba kila moja inaomba msaada wa nyingine, na mtafiti anayeichukua filamu peke yake kama shahidi aliyekamilika anajinyima nusu ya ushahidi.

Mazungumzo ya sitahani

Kuna neno moja ambalo kukosekana kwake kulikuwa na uzito mkubwa kuliko hotuba zote za New York.

Tarehe 19 Mei 1898, siku kumi na nane baada ya vita vya ghuba, kiongozi wa mapinduzi ya Ufilipino, Emilio Aguinaldo, alirejeshwa nchini kwake kutoka uhamishoni Hong Kong kwa meli ya Kimarekani, McCulloch. Alipelekwa kuonana na Dewey katika Olympia. Wakazungumza. Aguinaldo alishikilia maisha yake yote kwamba Admirali alimwahidi kuwa Marekani itaitambua nchi huru ya Wafilipino. Dewey alikana, na mwaka 1902, alipohojiwa na kamati ya Baraza la Seneti, alikana tena. Hakuna hati iliyotiwa sahihi na wote wawili. Kilichokuwapo ni maneno ya mdomo.

Juu ya maneno hayo yalijengwa mambo makubwa. Tarehe 12 Juni 1898 Aguinaldo alitangaza uhuru huko Kawit, katika jimbo la Cavite. Tarehe 10 Desemba mwaka uleule, katika mkataba wa Paris ambao Wafilipino hawakuketi mezani pake, Hispania iliikabidhi Ufilipino kwa Marekani kwa dola milioni 20. Tarehe 4 Februari 1899 mapigano yalizuka kati ya waliokuwa washirika. Marekani ilivitangaza vita hivyo kuwa vimekwisha tarehe 4 Julai 1902, na idadi ya Wafilipino waliokufa kwa silaha, njaa na magonjwa inahesabiwa kwa makumi elfu, hata mamia ya maelfu.

Kwa hiyo gari la Dewey lilipokuwa linapita chini ya tao la plasta, vita vilivyozaliwa na ushindi wake vilikuwa vinaendelea. Ndani ya picha za New York hakuna dalili yoyote ya vita hivyo. Ajabu nyingine ni kwamba sitaha iliyopigwa picha akipokea wageni wenye kofia ndefu ni sitaha ya meli ileile ambamo, miezi kumi na sita kabla, alimpokea Aguinaldo. Meli moja ina mikutano miwili ya itifaki: mmoja umebaki kwa sura bila sauti, na mwingine haukubaki kwa sura wala kwa sauti, ila katika madai ya watu wawili yanayopingana.

Wafilipino hawakuachwa kabisa nje ya sinema ya Marekani mwaka ule. Kiangazi cha 1899 kampuni ya Edison ilitengeneza katika jimbo la New Jersey vipande vya mapigano ya Ufilipino: askari wa Kimarekani wanasonga, Wafilipino wanakimbia kutoka mahandaki. Wataalamu wa filamu hizo wanaeleza kwamba walioigiza kama Wafilipino walikuwa Wamarekani weusi. Katalogi ilivitangaza vipande hivyo pamoja na vile vya matukio halisi. Mwenye ukumbi aliweza basi kuwapangia watu wake jioni moja yenye mtiririko mzuri: adui wa kuigiza akikimbia, kisha shujaa wa kweli akishangiliwa. Hapo ndipo penye jukumu la mpangaji. Kipande cha gwaride peke yake hakisemi uongo. Lakini kikiwekwa baada ya mahandaki ya New Jersey kinapata maana ambayo hakikuzaliwa nayo.

Umaarufu uliopoa

Shangwe za namna hiyo hazikai. Wananchi walichanga fedha wakamnunulia Dewey nyumba Washington. Mwezi Novemba 1899 alimwoa Mildred Hazen, mjane Mkatoliki, akaihamishia nyumba jina la mkewe, na magazeti yaliyokuwa yakimwimba yakageuka. Mwezi Aprili 1900 alitangaza kwamba anautaka urais, akasema mambo yaliyowachekesha watu, akajitoa upesi. Tao la Madison Square lilianza kubanduka kwa mvua na baridi. Michango ya kulijenga upya kwa mawe haikutosha, na hazikupita miaka miwili likabomolewa. Dewey aliishi kwa heshima ya kiofisi hadi tarehe 16 Januari 1917. Katika filamu zake, hata hivyo, tao ni zima.

Karatasi

Namna vipande hivi vilivyosalia ni habari ya kustaajabisha, na watunza nyaraka wa nchi zenye joto na unyevu wana sababu ya kuisoma vizuri. Mikanda ya wakati ule ilitengenezwa kwa nitrati ya selulosi, kitu kinachoshika moto kwa urahisi na kinachooza chenyewe hata kisiposhika moto. Sehemu kubwa ya filamu za miaka ile imepotea hivyo.

Lakini sheria ya hakimiliki ya Marekani haikuwa na kifungu cha picha zinazotembea hadi mwaka 1912. Aliyetaka kujilinda na wezi wa kazi yake aliziandikisha kama picha za kawaida. Kwa hiyo makampuni yalichapa mkanda mzima, picha baada ya picha, juu ya utepe mrefu wa karatasi, yakaupeleka katika Maktaba ya Bunge mjini Washington. Karatasi haikuwekwa ili mtu aitazame. Iliwekwa kama ushahidi wa umiliki, ikasahauliwa. Mnamo mwaka 1939 mtumishi wa maktaba hiyo, Howard Walls, alizikuta tepe hizo, za filamu zaidi ya elfu tatu. Katika miaka ya 1950 na 1960 Kemp Niver alizirudisha katika mkanda kwa kuzipiga picha moja moja, kazi iliyompatia tuzo ya heshima ya Hollywood. Filamu za Edison za mapokezi ya Dewey zimo humo.

Yafaa kuzingatia ni nini hasa kilichookolewa. Karatasi ilihifadhi picha. Haikuhifadhi mpangilio wa jioni ya maonyesho, wala maneno ya msemaji, wala wimbo uliopigwa na piano, wala mahali ambapo watu walisimama kushangilia. Kilichobaki cha lugha ni jina la kipande na maelezo mafupi ya katalogi, yaliyoandikwa ili kuuza. Mtafiti anayeyatumia maelezo hayo ili kujua kinachoonekana anatumia sauti ya muuzaji. Hana nyingine iliyo karibu zaidi, lakini hana budi kuijua ni ya nani.

Matatizo haya si ya Dewey pekee. Mkanda wowote wa zamani usio na sauti, uwe wa gwaride, wa kutawazwa kwa chifu au wa kuzinduliwa kwa reli, unataka maswali yaleyale: ni nani aliyesema wakati ule, kwa lugha gani, na maneno yake yameandikwa wapi. Pale ambapo bado wapo wazee waliohudhuria au waliosimuliwa na waliohudhuria, ni afadhali kuwaketisha mbele ya mkanda na kuyarekodi maneno yao kuliko kununua mashine bora ya kuusafisha.

Olympia yenyewe ilirudi tena mbele ya kamera. Mwezi Oktoba 1921 ilitumwa Le Havre, Ufaransa, kuchukua jeneza la askari wa Kimarekani asiyejulikana jina, aliyekufa katika vita vikuu vya kwanza. Ilifika Washington tarehe 9 Novemba, na tarehe 11 askari huyo alizikwa Arlington mbele ya Rais Warren Harding. Safari hii filamu za habari za kila juma zilikuwapo, bado hazina sauti. Lakini hotuba ya Harding ilipitishwa kwa nyaya za simu na vipaza sauti hadi New York na San Francisco, ambako maelfu ya watu walisimama wakaisikiliza bila kuona chochote. Manowari hiyo imehifadhiwa Philadelphia kama makumbusho, na mgeni anaweza kusimama juu ya sitaha yake.